Binti wa drafti: kwa nini mchezaji wa AFLW anaitwa profesheno na bado ana kazi nyingine

Oktoba 2018 klabu ya Carlton ya Melbourne, inayocheza mpira wa Australia unaoitwa futi, ilimchukua binti anaitwa Madison Prespakis, namba 3 kwenye drafti ya wanawake, yaani ule mgao wa wachezaji chipukizi. Mwezi uliofuata klabu hiyohiyo ikamchukua kijana anaitwa Sam Walsh, namba 1 kwenye drafti ya wanaume. Wote wamezaliwa mwaka 2000. Mwaka 2019 wote wawili wakabeba tuzo ya Rising Star, ile ya chipukizi bora, kila mmoja kwenye ligi yake, binti AFLW ya wanawake, kijana AFL ya wanaume. Mpaka hapo unaweza kusema ni mapacha.

Sasa angalia hapa. Carlton ya wanaume mwaka huo ilimaliza nafasi ya 16 kati ya timu 18, yaani ilikuwa hoi kabisa, na bado Walsh alicheza mechi 22. Carlton ya wanawake ilifika mpaka fainali ya ligi, na timu nzima mechi zake zilikuwa 9. Unaelewa hiyo? Aliyekuwa kule mkiani kacheza zaidi ya mara 2 ya aliyefika fainali.

Mimi naona ukishaielewa hiyo hesabu umeshaelewa karibu kila kitu kuhusu hawa mabinti: mishahara, magoti, kuhama klabu, hata yale maneno ya watu kwamba mpira wao uko chini. Kila mtu anabishania vipaji na hela, mimi nasema anza na kalenda.

Kwanza mchezo wenyewe, maana najua wengi mnajua Australia kwa raga na kriketi. Huu siyo raga. Wenyewe wanauita futi, sheria zake za kwanza ziliandikwa Melbourne 1859, unachezwa kwenye uwanja wa umbo la yai (mara nyingi ni uwanja uleule wa kriketi) na mpira wenyewe nao ni yai. Kila upande kuna milingoti 4, ukipiga kwa mguu ukapita katikati ya ile miwili mirefu unapata pointi 6, ukichepuka pembeni unapata 1, yaani hata kukosa kunalipwa kidogo. Pasi unatoa kwa mguu au unaupiga mpira kwa ngumi, kurusha kwa mkono marufuku, ukikimbia nao lazima uudundishe kila baada ya mita 15 hivi, na ukidaka mpira uliopigwa kwa mguu kutoka mbali basi ni wako, unapewa nafasi upige bila kusumbuliwa. Ndo maana unaona watu wanapandiana mabegani wakigombea mpira wa juu. Wanaume wanacheza 18 kila upande, wanawake 16, na mpira wa wanawake ni mdogo kidogo.

Ligi ya wanawake, AFLW, ilianza 3 Februari 2017, Carlton na Collingwood, uwanja wa Ikon Park. Waliingia watu 24,568 mageti yakafungwa, wengine wakabaki nje, bosi wa ligi wa wakati ule Gillon McLachlan akatoka mwenyewe kuwaomba radhi. Carlton wakashinda 46 kwa 11, Darcy Vescio akafunga magoli 4. Kwa hiyo yule anayekuambia hakuna mtu anataka kuangalia wanawake, mwambie siku ya kwanza kabisa watu walikosa pa kukaa.

Ila usidhani wanawake walianza kucheza siku hiyo. Walikuwepo miaka na miaka, tatizo lilikuwa njia. Binti alikuwa anacheza na wavulana utotoni, akifika umri fulani anaambiwa basi, nenda kacheze netiboli. Mwaka 2003 mabinti watatu wa Victoria, jimbo lenye Melbourne, waliipeleka ligi yao ya vijana kwenye baraza la mashauri, mmoja wao ni Penny Cula-Reid. Uamuzi ukatoka nusu nusu, kwamba wasichana wanaruhusiwa kucheza na wavulana mpaka miaka 14 tu, na Penny alikuwa ameshavuka. Lakini zile kelele zilisaidia, mwaka uliofuata yakaanzishwa mashindano ya wasichana Victoria, na Penny mwenyewe akaja kucheza AFLW akiwa na jezi ya Collingwood. Fikiria sasa hao waliokaa benchi la maisha kuanzia miaka 14 mpaka 20 na kitu, halafu 2017 wanaitwa profesheno, tunawalinganisha na kaka zao ambao hawajawahi kuacha hata wiki moja. Hili tutalirudia kwenye magoti.

Turudi kwenye drafti. Bongo ukisema drafti mtu anawaza vizibo vya soda na ubao pale kijiweni, mimi nasema ile ya kugawana wachezaji kama ya NBA. Binti anakua kwenye timu za mtaani, akiwa mzuri anaingia ligi ya vijana wenye vipaji (Prespakis alipitia timu ya Calder Cannons), anapimwa mbio na kuruka, akifikisha miaka 18 au anaikaribia jina lake linaingia kwenye kapu na klabu zinachagua kwa zamu, dhaifu wakianza. Wewe huchagui klabu, klabu inakuchagua. Miaka ya mwanzo kulikuwa na huruma kidogo, mchezaji anataja jimbo analotaka kubaki na klabu za jimbo hilo ndo zinamgombania, na sababu iko wazi, huwezi kumhamisha binti wa miaka 18 kutoka Melbourne mpaka Perth, mwendo wa masaa manne angani, kwa mshahara ambao haulipi hata kodi ya chumba. Hela ilivyoongezeka drafti nayo ikawa ya nchi nzima. Unaona kalenda na hela zinavyovuta kila kitu nyuma yake.

Kuna mlango wa pembeni pia, sheria ya baba na binti. Kama baba yako alichezea klabu fulani, klabu hiyo ina haki ya kwanza juu yako. Alice Burke aliingia St Kilda 2020 kwa mlango huo, baba yake Nathan Burke ni gwiji wa pale, na kichekesho ni kwamba wakati binti anavaa jezi ya baba, baba mwenyewe alikuwa kocha wa wanawake wa Western Bulldogs. Siku timu hizo zinakutana sijui mama alikuwa anashangilia upande gani.

Haya, mshahara. Mwaka 2017 kila klabu ilikuwa na mastaa wawili wanaolipwa dola za Australia 27,000, wa chini kabisa wakapata 8,500. Hiyo ni ya msimu mzima, siyo ya mwezi. Na msimu wenyewe ulikuwa raundi 7 halafu fainali. Ndo hapo unapata ligi yenye mwalimu, nesi, polisi, mzimamoto na mwanafunzi wa chuo kwenye chumba kimoja cha kubadilishia nguo, wote wametoka kazini saa 11 jioni wanakimbilia mazoezini, na Jumamosi wako live kwenye TV nchi nzima wanatukanwa kwamba hawajui kupiga.

Mkataba ulikuwa unahesabiwa kwa masaa. Klabu inakulipa masaa kadhaa ya wiki kwa miezi kadhaa, ukimaliza msimu umemaliza, tutaonana. Lakini mwili hauna masaa kadhaa ya wiki. Ukitaka kucheza kiwango hicho lazima uingie gym mwaka mzima, ule vizuri, ulale, kwa hiyo binti alikuwa anafanya kazi ya mwaka analipwa ya miezi. Ndo ugomvi uliolipuka 2019, makubaliano mapya yalipopelekwa kwa wachezaji wapige kura hayakufikisha ile asilimia 75 iliyohitajika, kuna kundi lilitaka msimu urefushwe kwanza ndo mengine yafuate. Yakarekebishwa yakapita baadaye, ila ujumbe ulikuwa umefika. Na tazama walichodai: mechi. Wangeweza kusema tupeni hela tu, wakasema tupeni mechi kwanza, maana walijua hela inafuata mechi.

Upande wa pili nao una hoja, tusiwe wanafiki. Ligi inasema kila mechi ni gharama ya uwanja, safari na matangazo, watu wakija na TV ikipata watazamaji tutaongeza, na kweli makubaliano ya karibuni yaliweka kuongeza mechi kwenye masharti ya mahudhurio na watazamaji. Wachezaji wanajibu tutavutiaje watu kama kila tukianza kukaa sawa msimu umeisha? Ni kuku na yai. Mimi binafsi nipo na wachezaji, maana timu yoyote hata ya mtaani mechi 3 za kwanza ni kutafutana, sasa kama msimu una mechi 7 utakuwa umeona nini hapo?

Halafu ligi yenyewe ikajiongezea mzigo. Ilianza na timu 8, 2019 zikawa 10, 2020 zikawa 14, na Agosti 2022 zikafika 18. Kila timu na wachezaji 30, piga hesabu, nafasi 540 ndani ya miaka isiyofika 6, vipaji vikatawanywa kama chumvi kwenye sufuria la msiba. Matokeo ya kufungana kidogo kidogo mengi yanatoka hapo, ila ukisema hivyo mtandaoni unaitwa mtetezi.

Ila kwa mchezaji kijana huo upanuzi ulikuwa neema. Klabu mpya inahitaji sura, na sura inalipwa. Prespakis baada ya kuwa mchezaji bora wa ligi nzima 2020 akiwa na miaka 19 (msimu ule uliokatwa na korona katikati ya mtoano, kombe halikupata mwenyewe) alibaki Carlton kwa muda, halafu Essendon walipoanzisha timu 2022 akaenda kwao. Mashabiki wa Carlton walilia sana na siwalaumu. Tayla Harris naye alishaondoka pale mwaka mmoja kabla akaenda Melbourne, na huko akabeba kombe 2022.

Na kwa kuwa nimemtaja Tayla, ile picha. Machi 2019 mpiga picha Michael Willson alimnasa hewani akipiga mpira, mguu umenyooka juu kabisa, picha kali ambayo hata usiyejua futi unasimama kuitazama. Ukurasa wa televisheni ukaiweka, wakaja watu na matusi ya ngono, ukurasa ukaamua kuifuta picha badala ya kufuta matusi. Watu wakachachamaa, picha ikarudishwa, na Septemba mwaka huohuo sanamu ya shaba ya lile teke ikasimamishwa Federation Square, katikati ya Melbourne. Alikuwa na miaka 21 tu wakati picha inapigwa, na pembeni ni bondia wa kulipwa. Ndiyo, bondia, maana kama nilivyosema, kalenda ina nafasi kubwa sana.

Hiyo nafasi ndo inazaa vitu ambavyo kwa wanaume huvioni. Monique Conti alikuwa mchezaji bora wa fainali 2018 na Western Bulldogs akiwa na miaka 18, na huku anacheza basketi ya ligi kuu ya wanawake, halafu 2023 akawa mchezaji bora wa AFLW akiwa Richmond. Kutoka Ireland wakaja mabinti wa mpira wa Kigaeli, mchezo wa kwao unaofanana na futi, Cora Staunton alianza AFLW 2018 akiwa na miaka 36! Na Akec Makur Chuot, huyu sisi tunapaswa kumjua, kazaliwa Sudan Kusini akakulia kambi ya Kakuma kule Turkana nchini Kenya, familia ikahamia Perth, mchezo huu hakuukulia kabisa, na bado alikuwemo Fremantle msimu wa kwanza 2017, mwanamke wa kwanza mwenye asili ya Afrika kuchukuliwa kwenye drafti ya AFLW, baadaye akacheza Richmond. Ligi iliyokomaa yenye njia za vijana zilizojaa isingempa mtu kama huyo nafasi ya kujifunzia ukubwani. Kwa hiyo ule uchanga wa ligi tunaoulalamikia nao ulifungulia watu mlango, na sina hakika utabaki wazi muda mrefu.

Sasa magoti, hapa ndo panauma. Ligamenti ya mbele ya goti, ACL, kwa wanawake wanaocheza futi inakatika mara kadhaa zaidi ya wanaume. Wataalamu wanabishana kuhusu sababu, kuna umbo la nyonga na goti, kuna homoni, lakini kuna ile nyingine ya kawaida kabisa, ya mwili usioandaliwa. Mvulana amefundishwa kutua, kugeuka na kupokea kishindo tangu ana miaka 6. Binti aliyekatishwa akiwa na 14 au aliyetoka netiboli amekuja kujifunza ukubwani, tena kwa masaa ya jioni baada ya kazi. Ligi sasa ina programu ya Prep to Play inayofundisha mabinti wadogo jinsi ya kuruka, kutua na kuangushwa bila kuumia.

Mfano wa kusikitisha ni Nina Morrison, namba 1 wa drafti ileile ya 2018 ya Prespakis. Geelong walimchukua, akacheza mechi yake ya kwanza 2019, akang'ara, akateuliwa kugombea Rising Star, na wiki hiyohiyo mazoezini goti likaenda. Mechi moja. Kwa mwanaume goti ni mwaka mmoja wa mkataba mrefu na mshahara unaomsubiri, kwa binti wa mkataba wa msimu ni suala la kama kuna mtu atakukumbuka. Na mwaka 2022 ligi ilihamisha msimu kutoka kiangazi cha Januari mpaka Aprili kwenda Agosti mpaka Novemba, ikachezesha misimu miwili mwaka mmoja, aliyeumia Machi alikosa mwisho wa ule wa kwanza na wa pili wote.

Kichwa ni jambo zito zaidi. Heather Anderson alikuwa kwenye kikosi cha Adelaide kilichobeba kombe la kwanza 2017, mhudumu wa afya wa jeshi, alifariki 2022 akiwa na miaka 28. Familia ikatoa ubongo wake ukapimwe, na 2023 wakasema alikuwa na CTE, ule ugonjwa wa ubongo unaotokana na kugongwa kichwa mara nyingi, mwanamke wa kwanza mwanamichezo wa kulipwa kukutwa nao. Sheria inasema ukipata mtikisiko wa ubongo unakaa nje siku 12 angalau. Chelsea Randall, nahodha wa Adelaide wakati ule, aligongwa nusu fainali 2021 akakosa fainali, timu yake ikafungwa na Brisbane.

Mambo yamebadilika lakini, lazima niseme. Msimu wa mwanzo wa 2022 kima cha chini kilikuwa dola 20,239, msimu wa Agosti mwaka huohuo kikawa 39,184 na wa juu 71,935. Mwaka 2023 kwa mara ya kwanza wanaume na wanawake wakasaini makubaliano mamoja, mikataba ya wanawake ikawa ya miezi 12, wastani wa mshahara dola 60,000 kupanda mpaka 82,000 ifikapo 2027. Mechi zikawa 10 mwaka 2023, 11 mwaka 2024, 12 mwaka 2025. Na ujauzito ukaingia kwenye karatasi, zamani ulitegemea moyo wa kocha. Daisy Pearce alikosa 2019 nzima kwa ajili ya mapacha wake, akarudi, 2022 akanyanyua kombe kama nahodha wa Melbourne.

Wastani wa wanaume 2027? Dola 519,000. Nimeiweka tu hapo.

Kwa hiyo profesheno ni neno linalonyooshwa. Kwa dola 82,000 unaishi Melbourne bila kazi ya pili ukijibana, kwa kima cha chini chuo kinaendelea na duka la nguo Alhamisi jioni linaendelea. Prespakis mwenyewe ana kisukari cha aina ya kwanza tangu utotoni, sukari anaiangalia kabla ya mechi, katikati ya mechi na baada ya mechi, huku anakimbia kilomita kadhaa za katikati ya uwanja, na bado Essendon walimpa tuzo ya mchezaji bora wa klabu msimu wao wa kwanza.

Mdogo wake Georgie naye alichukuliwa namba 2 kwenye drafti ya 2021, Geelong. Wamepishana drafti tatu tu. Madison mwaka wake wa kwanza alicheza msimu wa raundi 7 uliokuwa umeisha kabla ya Aprili, Georgie mwaka wake wa kwanza akapata misimu miwili, na kati ya ule wa kwanza na wa pili kima cha chini kikakaribia kuwa mara mbili.